Ubuntu kando ya Windows: faili zako zitabaki
Ndugu, umeuliza kama ukiweka Ubuntu, mfumo wa kuendesha kompyuta, kwenye laptopu yako yenye Windows 11 utapoteza kazi za chuo. Hapana, lakini nakusihi, nakili kila kitu kwenye diski ya nje kwanza. Mimi niliruka hatua hiyo. Stima ikapotea Kasarani usiku, diski ikiwa katikati ya kugawanywa, na betri yangu ilikuwa imekufa kitambo. Picha zote za marehemu nyanya zikaenda.

Kinachowanasa wengi ni BitLocker, kufuli ya Windows inayosimba data ya diski. Laptopu nyingi mpya huja diski ikiwa imefungwa, na ufunguo wake wa dharura una tarakimu 48. Uandike kwenye karatasi kabla hujagusa chochote, la sivyo Windows inaweza kukufungia nje. Zima pia Fast Startup, ile njia ya Windows ya kuwaka haraka. Halafu punguza sehemu ya diski inayotumiwa na Windows ukiwa ndani ya Windows yenyewe. GB 25 ndicho kiwango cha chini cha nafasi ya Ubuntu. Ukiweza tenga 50, utapumua. Flashi ya GB 8 iliyotiwa Ubuntu kwa programu ya Rufus inatosha kusakinishia. Ukifika kwenye chaguo la kufuta diski nzima, usiliguse. Chagua kuiweka kando ya Windows.

Baadaye ukiona saa ya Windows imerudi nyuma saa tatu, hujaharibu kitu. Ubuntu huweka saa ya UTC, yaani saa ya kimataifa, kwenye mashine, nasi Nairobi tuko saa tatu mbele yake. Ili Ubuntu iweke saa ya hapa kwetu, fungua terminali yake, dirisha la kuandikia amri, uandike: timedatectl set-local-rtc 1