Kilimia ni jina la mtoto? Ndiyo, na binti yangu ndilo jina lake

Assalaam aleikum ndugu yangu. Mungu amfungue mkeo salama salimini hiyo Novemba.

Umeuliza mambo matatu juu ya jina ambalo mkeo ataka kumpa mtoto: Kilimia maana yake nini, ni jina la Kiswahili kweli au mkeo kalibuni tu, na umjibu nini mzee wako anayesema mjukuu wake hawezi kuitwa jina la shamba. Nimeona nikujibu kwa urefu kwa sababu binti yangu, anayekwenda miaka 9 sasa, aitwa Kilimia. Maswali yako yote matatu nimeshaulizwa hapa Mombasa, sokoni Marikiti, msikitini na sebuleni kwangu.

Mkeo hakubuni kitu. Kilimia ni kile kishada cha nyota ndogondogo zilizosongamana mahali pamoja, kama mtu kamwaga chembe za chumvi juu ya kaniki. Ukikitupia jicho mara moja waona kama ukungu mdogo, ukituliza macho ndipo nyota zinaanza kujitenga moja moja. Neno lenyewe latokana na kulima. Lima, limia, kilimia: nyota za kulimia. Fungua kamusi utalikuta.

Mimi nililijua neno hili kabla sijajua kusoma. Nyanya yangu mzaa mama alikuwa na shamba Jomvu Kuu, mahindi, kunde na mihogo. Jioni za mwezi wa Machi, tukishaswali Isha, alikuwa akitandika mkeka uani, anishika kichwa kwa mikono miwili na kunigeuza uso kuelekea kaskazini magharibi, juu ya minazi ya jirani. "Zihesabu," aniambia. Nahesabu, sita. "Tena." Sita. Yeye alisema ujanani mwake alikuwa akiziona saba, na kwamba sasa aona moshi mtupu, ndiyo maana anituma mimi. Kisha aniuliza zimefika wapi: bado ziko juu ya kile kishungi cha mnazi, au zimeshuka? Nikisema zimeshuka, kesho yake asubuhi majembe yalikuwa yakinolewa. Nilidhani ni mchezo wetu wa wawili. Nilikuja kujua baadaye kwamba jibu langu lilikuwa likiamua siku ya watu wazima kwenda shamba.

Mwendo wa kilimia mwakani, kwa mtu aliye Mombasa, ni huu. Novemba, wakati wa vuli, kinachomoza mashariki jua linapozama, na kinakaa mbinguni usiku kucha. Januari, mwanzo wa usiku, kimepanda juu upande wa kaskazini. Machi, baada ya Isha, kinaelekea magharibi. Aprili kila jioni kinazidi kushuka, na mwanzoni mwa Mei kinazama kabisa katika mwanga wa jua, hukioni tena. Hapo ndipo masika, au mwaka kama wasemavyo wazee wa Mvita, huwa yamepamba moto. Kinakaa mafichoni kiasi cha siku 40, kisha mnamo Juni kinachungulia tena upande wa mashariki, kabla ya Alfajiri. Mkulima asiye na kalenda ukutani alikuwa na kalenda hiyo juu ya paa lake, haimdanganyi. Wavuvi nao walikuwa na yao, hesabu ya miongo, siku kumi kumi kuanzia Nairuzi, yaani mwaka mpya wa Waswahili, lakini hiyo ni habari nyingine.

Kuna msemo wa kale ambao ningependa mzee wako ausikie kwa sababu huenda aliusikia yeye pia utotoni: "Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua." Nyanya alikuwa akiutumia kama utabiri. Kikipotea Mei na mbingu kavu, alikuwa akisema tusubiri mvua ya Juni, tusiung'oe muhogo kwa pupa. Kikipotea katikati ya mvua, alianza kutafuta mahali pa kuanikia. Sisemi utabiri ule ulikuwa ukitimia kila mwaka. Nasema watu wetu walikaa vizazi na vizazi wakilitazama jambo hili mpaka wakalifunga kwa maneno yanayokaa kichwani, na jina la binti yangu limo ndani ya maneno hayo.

Na si sisi peke yetu. Wazulu na Waxhosa waziita nyota hizohizo isiLimela, na Wasotho na Watswana waziita Selemela. Sikiliza vizuri: ni neno letu lilelile, ila sisi tumeiangusha ile l ya pili, kama Kiswahili kilivyofanya kwa maneno chungu nzima. Waxhosa walikuwa wakimhesabia kijana miaka yake ya utu uzima kwa kilimia, vimechomoza vingapi tangu alipotoka jandoni. Sasa niambie, neno linaloanzia Mombasa likafika Afrika Kusini, na kote huko maana yake ni jembe na nyota, litaitwaje jina la kubuni? Lilikuwako kabla ya majina mengi tunayoyaona leo kuwa ndiyo ya asili.

Nije kwa mzee wako. Babangu naye alisema hivyohivyo: "Mbona usimwite Thurea, jina zuri lenye heshima?" Nami nampenda Thurea, nina shangazi Thurea. Lakini nilimuuliza baba: Thurea ni nini? Akanyamaza. Watu wengi hapa mjini wana dada au mama aitwaye Thurea na hawajui kwamba Thurea ndicho kilimia. Ni nyota zilezile, kwa Kiarabu. Mwarabu alizitaja kwa wingi na neema, sisi tukazitaja kwa kulima, na kwa mkulima kulima ndiyo neema yenyewe. Basi ukikubali Thurea, Kilimia huwezi kulikataa kwa sababu ya maana. Utakuwa unakataa lugha tu, na lugha hiyo ni yako.

Baba hakuridhika, akanipeleka kwa maalim wake. Nilikwenda na hofu. Maalim alisikiliza mpaka mwisho, akasema sharti la jina ni liwe na maana njema, na hili halina ubaya wowote. Kisha akatuongezea ambalo sikulijua. Suratun Najm yaanza kwa kiapo, Naapa kwa nyota inapotua, na miongoni mwa wafasiri wa mwanzo wako waliosema, akiwemo Mujahid, mwanafunzi wa Ibn Abbas, kwamba nyota iliyokusudiwa ni Thurea. Akataja pia ile hadithi ya Bukhari, Mtume, rehema na amani zimfikie, alipomwekea mkono Salman Mfursi akasema lau imani ingekuwa kwenye Thurea, wangeifikia watu katika hawa. Baba alitoka pale hana la kusema, na siku ya saba, siku ya akika, ndiye aliyelitamka jina mbele ya watu. Kwa hiyo ushauri wangu ni usibishane na mzee. Mtafute mtu ambaye yeye amwamini, mwende pamoja.

Wako watakaokuambia ki- ni ya kudogosha, kitoto, kijitu, na kwamba utakuwa umemdunisha mwana. Mwalimu mmoja alinishikilia kwa hoja hiyo. Nikamuuliza, na Kibibi je? Tangu lini Kibibi wa Mombasa au wa Lamu akaonekana kadunishwa? Kito kina ki-, kilua kina ki-, na Kiswahili chenyewe kina ki-. Ila zingatieni sarufi: nyota kimechomoza, mtoto amekuja. Watoto wenzake walijaribu mwanzo "Kilimia kimelala", ikaisha baada ya muhula mmoja.

La karani nitalisema upesi kwa kuwa lilinikera. Nilipokwenda kuchukua cheti cha kuzaliwa ofisi moja ya serikali, nilikuta mwanangu kaandikwa Kilimo. Nilirudi mara tatu ndipo kikasahihishwa. Andikeni jina kwa herufi kubwa kwenye karatasi, mliweke mkononi mwa anayeandika, na msome kabla hamjatoka mlangoni.

Huenda ukataka pia kujua kama lafaa mtoto wa kiume. Kwa maana, lafaa. Kwa sikio langu mimi, ni la kike, kwa jinsi linavyoishia na kwa kuwa dada yake Thurea ni wa kike. Amueni wenyewe.

Sasa nikueleze kwa nini sisi tulilichagua, maana hatukuanza na kamusi. Binti yangu alizaliwa siku za mwanzo za Mei, usiku wa mvua ambayo ilijaza maji mpaka kizingiti cha nyumba ya Jomvu. Tulikuwa na orodha ya majina matano na hakuna hata moja tulilokubaliana. Nyanya alikuwa hai bado, macho yamekwisha kabisa, amekaa kitandani kando ya mke wangu. Akauliza, "Mwezi gani huu?" Nikamwambia Mei, tarehe fulani. Akapiga hesabu kwa vidole, kimya kimya, kisha akasema: "Basi kilimia kimeingia arubaini, na mamake naye kaingia arubaini. Watatoka pamoja."

Sikulala usiku ule. Ndugu yangu, fikiria: bibi kipofu, mvua yapiga mabati, nyota zimefunikwa na mawingu na jua lenyewe, na yeye ajua zilipo.

Siku ya arubaini ilitukuta katikati ya Juni. Nyanya alituamsha sote kabla ya adhana. Tulitoka uani, mke wangu na mtoto ndani ya kanga, mimi nimemshika nyanya mkono. Mawingu yalikuwa yametanda upande wa Kisauni na nilikata tamaa. Kisha likapita pengo, chini kabisa mashariki, kidogo upande wa kushoto, na ndani ya pengo kile kishada. Hakikukaa hata dakika mbili. Nikamwambia nyanya, "Kimetoka." Akaniambia nihesabu. Nilihesabu kwa sauti, sita, na yeye akamgusa mtoto paji la uso akasema, "Huyu wa saba."

Nyanya hakuiona Juni iliyofuata. Mwenyezi Mungu amrehemu.

Mtoto mwenyewe alipenda jina lake mapema kuliko nilivyotarajia, na sababu utaicheka kidogo lakini kwake ni jambo kubwa. Nilimwambia kwamba Wajapani waziita nyota zake Subaru, na kwamba ile nembo ya gari, zile nyota sita ndani ya duara la yai, ndicho kilimia. Tangu siku hiyo kila Subaru inayopita Barabara ya Digo ni yake. Avuta mkono wangu, "Baba, mimi yule." Na juzi nilimpa jambo jingine la kufikiria. Wanaastronomia wa leo wasema mwanga wa kilimia huchukua kiasi cha miaka 440 kutufikia, na kwamba nyota tunazoziona ni chache tu kati ya zaidi ya 1,000 zilizomo kwenye kundi lile. Fort Jesus ilianza kujengwa mwaka 1593. Ina maana mwanga anaouona yeye usiku ulianza safari wakati Wareno hawajachonga hata jiwe moja la ngome ile. Alinyamaza kwa muda mrefu, kisha akauliza kama mwanga wa leo utamkuta nani.

Mkeo akijifungua Novemba kama mlivyoambiwa, mna bahati, maana hamtangoja kama sisi. Mawingu ya vuli huja na kupita, kwa hiyo jaribuni zaidi ya usiku mmoja. Nendeni ufuoni Bamburi au Shanzu, mahali pasipo na taa nyingi za hoteli, mnamo saa mbili usiku. Elekeeni bahari, kisha geuzeni macho kushoto kidogo, juu ya maji kama shubiri moja na zaidi ukinyoosha mkono. Nyota moja nyekundunyekundu yenye nguvu itakuwa yafuata chini yake. Msiikodolee hiyo, pandisheni macho. Ule ukungu mdogo ndicho. Mpe mkeo ahesabu yeye kwanza.