Mali bila daftari: kwa nini siamini kichwa cha mtu, hata changu

Juzi dada mmoja wa Arua kaniandikia inboksi, anasema alimkopesha mdogo wake milioni 2 za kuongezea anunue boda, sasa kijana anaapa ilikuwa zawadi na mama yao naye anakumbuka hivyo hivyo. Anauliza nani mwongo. Dada, pengine hakuna mwongo hapo.

Mimi yamenikuta Kikuubo, kule sokoni Kampala. Tulikuwa na duka la vitenge na mwenzangu, watoto wetu wanaitana ndugu, halafu siku ya kugawana mtaji akasema kodi ya mwanzo alilipa yeye, kesh, bahasha ya kaki, mvua inanyesha, na mpwa wake alikuwa mlangoni akaona. Mpwa akaitikia! Nikatoa kauntabuku, nikafungua na meseji ya mobile money, pesa imetoka kwenye simu yangu kwenda kwa mwenye nyumba, tarehe ipo, jina lipo. Wazee wakanipa haki yangu. Nilikuwa sawa, nasema bila aibu, ila mpaka leo tukikutana msikitini ananipa mkono huku anaangalia pembeni. Inauma.

Baadaye ndio nikasoma habari za Elizabeth Loftus na John Palmer, watafiti wa kumbukumbu za watu, Marekani, 1974. Walionyesha wanafunzi filamu za ajali, walioulizwa spidi magari "yalipobamizana" wakakadiria kama maili 41 kwa saa, walioulizwa "yalipogongana" wakasema 34. Jaribio la pili, baada ya wiki, wakaulizwa kama waliona vioo vilivyovunjika. Havikuwepo! Waliosikia neno kali, 16 kati ya 50 walisema waliviona, wale wengine 7 kati ya 50. Yaani ubongo hauhifadhi video, kila ukikumbuka unaunga vipande upya, na penye pengo yanaingia maneno ya watu. Yule mpwa aliisikia ile bahasha mara ngapi nyumbani kwao kabla ya kikao?

Sisi tunaona kuandikishana ni kutukanana, "ndugu yangu nakuamini", basi. Wahenga walishasema mali bila daftari hupotea bila habari. Andika siku hiyo hiyo, wote msaini, piga picha. Hata kwa mkeo andika. Nasema tena, andika!

Na wewe wa Arua, usiende kikaoni na "si mnakumbuka nilimkopesha?", hapo unawalisha maneno. Muulize kila mmoja peke yake, "siku ile ilikuwaje?", unyamaze, wakimaliza ndio utoe meseji. Kama ulimpa kesh mkononi bila karatasi, omba nusu.