Re: Daktari akichaguliwa bunge la jimbo Marekani, anaacha hospitali?

Ndugu, umeuliza kama daktari akiingia bunge la jimbo kule Marekani hulazimika kuacha kutibu. Halazimiki. Mfano ninaoupenda ni John Kitzhaber wa Oregon. Alikuwa daktari wa idara ya dharura katika mji wa Roseburg. Mwaka 1978 alichaguliwa Baraza la Wawakilishi la jimbo, miaka miwili baadaye akaingia Seneti, na kuanzia 1985 hadi 1993 alikuwa Rais wa Seneti hiyo. Miaka mingi ya ubunge aliendelea na zamu zake. Iliwezekana kwa sababu enzi hizo bunge la Oregon lilikuwa na kikao cha kawaida mara moja tu kila miaka miwili.

Lakini kinachonigusa mimi ni sheria aliyoisimamia mwaka 1989, Oregon Health Plan. Badala ya kufukuza watu kwenye Medicaid, ile bima ya serikali kwa maskini, fedha zikipungua, jimbo lilipanga matibabu kwa umuhimu, orodha ya karibu vipengele 700, kisha likachora mstari: vya juu vinalipiwa, vya chini havilipiwi. Ilizua ugomvi mkubwa, na wapinzani walikuwa na hoja, maana chini ya mstari kuna wagonjwa halisi. Hata hivyo naona alikuwa mkweli kuliko wanaoficha uamuzi huo wa nini kilipiwe na nini kisilipiwe. Mpango ulianza 1994, na mwaka uliofuata akawa gavana.