Mkata rufaa akifariki kabla ya rufaa kusikizwa

Baba mdogo alipofariki akiwa nje kwa dhamana, rufaa yake ikisubiri katika Mahakama Kuu ya Kisumu, wazee nyumbani waliuliza ni mwana yupi atakayesimama mahali pake. Hawakuuliza ovyo, kwa maana boma nyingi za magharibi mwa Kenya zinazijua kesi za mashamba, na katika kesi ya madai msimamizi wa mirathi anaweza kushika nafasi ya marehemu mradi aombe ndani ya mwaka 1. Kesi ya jinai haina urithi wa namna hiyo. Kifungu cha 360 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Jinai, Sura ya 75, kinasema rufaa hukoma kabisa mkata rufaa anapokufa, isipokuwa rufaa ya kupinga adhabu ya faini. Kwa hivyo, kabla ya kumlipa wakili shilingi yoyote zaidi, ombeni nakala ya hukumu msome adhabu yenyewe: ni kifungo, ni faini, au ni faini na kifungo pamoja?

Kukoma kwa rufaa si kuachiliwa huru. Hukumu ya mahakama ya chini inabaki ilivyoandikwa, na jambo hili ndilo lililowauma watoto wa marehemu kuliko lolote. Kwingineko mahakama zimefungua mlango: New Zealand iliendelea kusikiliza rufaa ya Peter Ellis, aliyefariki mwaka 2019, na mwaka 2022 ikafuta hatia yake. Sheria yetu, kwa maoni yangu, inalinda mfuko wa marehemu kuliko jina lake.

Msinyamaze mkidhani faili litajifunga lenyewe, kwani siku ya kutajwa ikifika bila mtu kuonekana, mdhamini ndiye atakayeandamwa. Pelekeni nakala ya cheti cha kifo kwa wakili au kwenye masijala ya mahakama. Kibali cha mazishi pekee msikitegemee. Kifo kikitokea nyumbani, anzeni kwa naibu wa chifu, kisha ofisi ya usajili wa vizazi na vifo. Upande wa mashtaka unaweza kuomba muda ili polisi wathibitishe kifo, jambo ambalo familia yenye majonzi huliona kama matusi, ingawa korti ina sababu zake, maana wapo watu waliowahi kujifia kwa karatasi tu.

Rufaa ikishaandikwa kuwa imekoma, ombeni papo hapo mdhamini aondolewe jukumu, na hatimiliki au pesa taslimu zilizowekwa zirudishwe. Shemeji ya baba mdogo alikuwa ameweka hati ya shamba lake, na agizo la maandishi ndilo lililomsaidia kuidai. Aliyefia gerezani ana jambo la ziada: sheria inamtaka hakimu achunguze chanzo cha kifo, na uchunguzi huo haufungwi na kukoma kwa rufaa.

Palipo na faini, msimamizi wa mirathi ajitokeze mapema na hati zake za usimamizi, aieleze korti kwamba familia inataka rufaa iendelee, kwa sababu faini iliyolipwa ikifutwa, pesa hizo ni mali ya warithi.