Hiyo 74,600 kwa mwezi isikudanganye

Dadangu, umeuliza kama mogeji (mkopo wa nyumba) ya shilingi milioni 6 kwa riba ya 14% kwa mwaka, miaka 20, ya hiyo nyumba ya Bamburi ni sawa kwa vile 74,600 kwa mwezi unaimudu. Wallahi piga hesabu yote kwanza, hiyo mara miezi 240 yafika karibu milioni 17.9, yaani riba peke yake ni kama milioni 11.9! Na mwezi wa kwanza 70,000 yote yaenda kwa riba, deni lapungua kama 4,600 tu. Waombe benki wakupe miaka 15, utaongeza kama 5,300 kwa mwezi lakini waokoa karibu milioni 3.5. Pia weka kando pesa za wakili, bima na ushuru wa stempu 4% ya thamani ya nyumba, na uulize riba ikipanda itakuwaje.