Pesa ya mwanzo katika Kenshi: chagua kazi itakayokuachia nguvu

Wageni wengi wa Kenshi, gemu ya kompyuta, huuliza jambo moja kabla hata hawajatoka nje ya mji wa kwanza: nitapataje cats, yaani pesa ya gemu hii, haraka? Swali ni la haki. Ukianza kama Wanderer, mwanzo wa kawaida wa gemu, unatua kwenye mji wa The Hub na cats 1,000, nguo chakavu na silaha isiyofaa kitu, na njaa inakuja. Lakini gemu hii, iliyotengenezwa na Lo-Fi Games ya Uingereza na kutoka rasmi Desemba 2018, haikupi pesa kama zawadi ya kumaliza kazi fulani. Hakuna mzee wa kijiji anayekungoja na mfuko wa fedha. Kila senti unaichimba, unaibeba, unaiiba au unaivua kwenye miili ya walioanguka, na kila njia kati ya hizo inamfundisha mhusika wako kitu tofauti. Kwa hiyo ukitaka kulinganisha njia mbili za kipato, angalia cats zinazoleta, halafu angalia pia inamwachia mtu wako ujuzi gani. Mtu mwenye cats 20,000 asiyeweza kukimbia wala kupigana huzirai njiani kama maskini mwingine yeyote.

Anza na shaba. Ushauri huu ni wa zamani na bado ni sahihi. Karibu na The Hub kuna miamba ya shaba na ya chuma. Nenda kwenye shaba, kwa sababu bei yake ni nzuri zaidi, na mwenye baa pale mjini anainunua. Shikilia kitufe cha Shift unapobofya mwamba ili kazi iwe ya kudumu. Mhusika atachimba bila wewe kumsukuma kila mara. Mzigo ukijaa, rudi mjini, uza, nunua chakula, toka tena. Usisubiri njaa ikushike ukiwa machimboni. Nunua chakula kwanza kwa mauzo ya mwanzo kabisa, kisha vifaa vya huduma ya kwanza, halafu ndipo ufikirie kitu kingine. Watu wanaonunua upanga kabla ya bandeji huvuja damu hadi kufa wakiwa na upanga mzuri mkononi.

Sasa angalia kinachotokea mwilini. Kuchimba kunakuza ujuzi wa kazi za mikono tu, na huo hautakusaidia siku majambazi watakapokuzunguka. Nguvu inakua pale unapotembea umeelemewa na mzigo. Ndiyo maana mimi huwashauri wageni wasiuze mawe yote. Bakiza mzigo mzito wa chuma kwenye shanta na uwe unatembea nao kila safari, hasa sehemu ambazo uko karibu na lango na hatari ni ndogo. Chuma hakina bei ya kufurahisha, lakini kama mzigo wa mazoezi kinafaa kuliko kitu chochote kilicho karibu. Baada ya muda utaona silaha ambayo ilikuwa nzito mno kwako inashikika. Umechimba, umeuza, na umejenga mwili kwa safari ileile. Akitokea adui, angusha mzigo wote chini na ukimbie, mawe utayarudia.

Adui watatokea. Eneo hilo, Border Zone, limejaa majambazi waitwao Dust Bandits na watu wa njaa wanaotafuta chochote cha kula. Wakikupiga ukazirai, mara nyingi wanachukua chakula na kukuacha. Hapo ndipo mgeni hukata tamaa na kufungua mchezo aliouhifadhi nyuma. Naomba usifanye hivyo haraka. Kipigo kinakuza ustahimilivu, na ustahimilivu ndio unaoamua utaamka upesi kiasi gani na utaendelea kusimama kwa majeraha mangapi. Kuinuka ukiwa umejeruhiwa huku maadui bado wapo kunaukuza zaidi, ingawa ni jambo la hatari na linahitaji uwe na mwenzako wa kukufunga vidonda. Ukiwa peke yako, lala kimya mpaka waondoke, jifunge bandeji, tambaa hadi kitandani. Wa kuwaogopa kweli ni wafanyabiashara wa watumwa, maana hao hawakuachi chini, wanakubeba. Ukiwaona, kimbia ukiwa bado na nafasi.

Baada ya kuzoea mdundo huo, sogea kwenye mji wenye walinzi wa kweli. Squin, mji wa Shek, moja ya makabila ya gemu hii, haupo mbali. Hapa kipato kinabadilika sura. Majambazi wakikufukuza, kimbia nao nyuma yako hadi langoni. Walinzi watawapiga, nawe ukisubiri pembeni utaokota silaha, nguo na vitu vingine kwenye miili yao. Mgeni anayejua kukimbia tu anaweza kuishi kwa njia hii, na mbio zenyewe zinakuza kasi yake. Kuwapekua maadui wa mji si kosa. Kumpekua raia aliyezirai ni kosa, na walinzi wa Shek hawana mzaha.

Katika miili hiyo ndimo ilimo njia ninayoipenda kuliko zote kwa mtu aliyetoka kwenye uchimbaji: watu wanaotafutwa. Bofya jambazi aliyeanguka uangalie kama ana zawadi ya kukamatwa. Viongozi wa makundi ndio hasa wa kuwatazama. Ukimpata mmoja, mfunge vidonda vyake kwanza. Ndiyo, adui yako. Akifa njiani umeharibu kazi, na kumtibu kunakuza ujuzi wako wa tiba, ambao utauhitaji kwa watu wako mwenyewe. Mwinue begani, mpeleke kituo cha polisi cha mji unaomtafuta, zungumza na mkuu wa kituo ukiwa umembeba. Unalipwa. Na kumbuka kwamba mtu begani ni mzigo, kwa hiyo nguvu nayo imekua njiani. Sijaona kazi nyingine ya mwanzo inayolipa cats na kukuza ujuzi mwingi kiasi hicho kwa pamoja. Dust King mwenyewe, kiongozi wa Dust Bandits, anatafutwa na ana mnara wake hukohuko Border Zone, ila huko usiende hadi uwe na kikosi kinachosimama.

Wizi nao upo, na unalipa. Unakuza unyemelezi, ustadi wa kufungua kufuli na wepesi wa mkono. Shida yake ni soko. Mali ya wizi ina alama, na ukiiuza palepale ulipoiiba unajiuza mwenyewe. Ipeleke mji wa mbali, au kwa Shinobi Thieves, kundi la wezi ambao wana kituo The Hub. Kujiunga nao ni cats 10,000. Kwa mgeni anayetaka kuishi kwa wizi, ada hiyo inajilipa, kwa sababu unapata mnunuzi asiyeuliza maswali na vifaa vya mazoezi. Kwa mgeni asiye na nia hiyo, ni pesa nyingi ya kutupa mapema. Afadhali iajiri watu.

Kuhusu watu: mfanyakazi wa pili ni matumizi bora kuliko silaha ya pili. Wachimbaji wawili wanamaanisha mmoja anaweza kumtibu mwenzake, na hilo linaokoa maisha kuliko vazi lolote la chuma utakaloweza kulinunua wakati huo. Wengi kwenye baa wanadai maelfu ya cats kabla ya kukufuata. Wapo wa bure pia, kama mhusika Beep kule mji wa Mongrel, lakini Mongrel iko ndani ya eneo la ukungu la Fog Islands, na wakaaji wa ukungu ule wanakula watu wakiwa hai. Mtu wa bure wa namna hiyo anakuja na gharama ya safari. Kila unayemwongeza anakula pia. Mali bila daftari huisha bila habari, na katika Kenshi daftari lenyewe ni chakula: kabla ya kuajiri, hesabu mifuko ya chakula uliyonayo na ujiulize inawatosha wote hadi mauzo yajayo.

Ukishakuwa na watu watatu au wanne, nunua jengo lililobomoka The Hub, lirekebishe, weka vitanda na sanduku la kuhifadhia shaba. Wape wachimbaji kazi mbili kwa mpangilio, kuchimba kisha kupeleka sandukuni, nao wataendelea wakati wewe unatembea na mtu mwingine. Hapo utagundua kikwazo ambacho hakuna anayemwambia mgeni: wafanyabiashara wana pesa yenye kikomo. Shaba ya sanduku zima haiuziki kwa duka moja kwa siku moja. Gawa mauzo kwa maduka na miji, na angalia bei, kwa sababu kitu kilekile hakina thamani moja kila mahali. Biashara ya kweli ya Kenshi huanzia hapo, kwenye tofauti ya bei kati ya mji na mji.

Mfano unaojulikana sana ni hashish, inayopatikana kwa wingi kule eneo la Swamp na kutafutwa kwa bei kubwa mji wa Flats Lagoon. Faida ni kubwa kwa sababu safari ni ndefu, na kwa sababu dola mbili za gemu, Holy Nation na United Cities, wameipiga marufuku na walinzi wao wanapekua mabegi langoni. Usiijaribu na mhusika wako pekee mwenye nguvu. Akifungwa, kila kitu kinasimama. Tena Holy Nation wana matatizo yao mengine: ukiingia na Skeleton, yaani mhusika wa roboti, au na mtu mwenye mkono wa bandia, wanaanza vita nawe bila kupekua chochote.

Jambo la mwisho ni kuhusu magofu. Utakapoanza kuingia kwenye majengo ya kale utaokota vitabu vya sayansi ya kale, utafiti wa kihandisi na AI cores, vifaa adimu vya teknolojia ya kale. Maduka yatakupa cats nyingi kwa hivyo, na ukiwa umetoka kwenye shaba utashawishika. Uza mapambo, silaha usizotumia na vipuri vya ziada. AI cores weka sandukuni, hata kama bado huna benchi la utafiti, kwa sababu utafiti wa hatua za juu unazidai, na utakapozihitaji itabidi urudi kwenye magofu kupigania nyingine.