Kuishi kwa nafasi za pembeni ukiwa Dodoma: jibu kwa aliyeuliza

Mbukwenyi wote. Mdogo wetu wa Nkuhungu ameuliza kama mtu wa miaka 38, ambaye haoni dalili za kuwa staa, anaweza kujenga kazi ya uigizaji kwa nafasi ndogondogo bila kuhamia Dar. Nimeigiza mama mkwe, muuguzi mkali, mganga na mashangazi wa kila aina, huku meza yangu ya vitenge ikiwa soko la Majengo. Inawezekana, mdogo wangu.

Tazama waliodumu. Mzee Jengua, aliyefariki Desemba 2020, tulimjua tangu enzi za kundi la maigizo la Kaole kule ITV kama baba mkali, na ukali huo uliendelea kumpa kazi mpaka zama za filamu za CD. Vijana waliopendana kwenye hadithi zile walibadilika kila mara. Mzazi wa kuwakataza kuoana alibaki yuleyule.

Prodyuza mwenye sini nyingi za kushuti kwa siku moja hana muda wa kukufundisha shangazi ni mtu wa namna gani. Anampigia simu anayefika akiwa ameshavaa uhusika. Nafasi hizi ni za kusikiliza zaidi kuliko kusema: mama mkwe anampokea mgeni, anamwacha aongee, kisha anatoa neno moja. Ukiwa unangoja tu zamu yako, kamera inakuona. Halafu kilemba ulichofunga leo kinaweza kuhitajika tena wiki ijayo kwa sini hiyohiyo, kwa hiyo jipige picha kabla hujakifungua.

Sasa hili linaniuma. Sisi Wagogo tukiitwa, mara nyingi ni kuwa ombaomba au dada wa kazi, na tunatakiwa tuvuruge Kiswahili ili watu wacheke. Kuigiza ombaomba sikatai. Ninachokataa ni ombaomba asiye na kwao. Huwa namuuliza dairekta: huyu mama katoka kijiji gani, watoto kamwachia nani? Kwetu mvua ni ya msimu mmoja, kuanzia Desemba hadi Aprili. Ikikatika Februari, uwele na mtama vinakaukia shambani na mtu anafunga safari. Dairekta mmoja alinisikiliza, akaongeza sini ambayo yule mama anahesabu hela za nauli ya kurudi kwao. Nafasi ile ndiyo iliyoniletea simu nyingi kuliko zote. Wewe unawajua watu hawa kuliko mwandishi wa skripti aliyeko Sinza, basi sema, kwa heshima, kabla kamera haijawashwa.

Kuhusu kukaa Dodoma, tangu treni ya SGR ianze kufika huku 2024 safari imekuwa nyepesi. Naondoka asubuhi, mchana niko lokesheni. Ila nani analipa nauli na malazi? Iandikwe. Iandikwe pia siku za kushuti, tarehe ya malipo, na kama sura yako itatumika kwenye matangazo ya biashara. Mikataba ya matangazo ya mchekeshaji Mzee Majuto ililalamikiwa mpaka wizarani mwaka 2018, mwaka aliofariki, na yule alikuwa mtu anayejulikana nchi nzima. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya 1999 inamtambua mwigizaji, lakini ukikosa karatasi utahangaika kudai.

Usiache kazi inayokulisha. Malipo ya nafasi hizi huja kwa vipindi, na kuna miezi simu haiiti kabisa.

Kwa kuanzia, ulizia wanafunzi wa sanaa pale UDOM, Chuo Kikuu cha Dodoma. Wengi wao ni vijana wa miaka ishirini na kitu, na kazi zao za masomo zikihitaji baba au mjomba, mtu wa umri wako ni wa maana sana kwao. Waombe vipande ulivyocheza. Chagua vifupi viwili vitatu, uso uonekane, sauti isikike, usiweke muziki juu. Kisha viletee Majengo tuviangalie pamoja kabla hujamtumia prodyuza yeyote.